Kuizuia Sumu Isitembee: Mhadhara juu ya Vizuizi vya Taka za Hatari katika Ardhi Iliyochafuliwa

 Maudhui ya taka za hatari hayana uzuri wa kuvutia masikio, walakini ni katika mambo yanayogusa maji tunayokunywa na udongo wanaouchezea watoto wetu, na kwa hiyo yanastahili kunenwa mbele ya watu wote, si mbele ya wataalamu peke yao.

Nia yangu naitaja mapema, ili kila msikilizaji aijue njia tutakayoipita na kituo tunachokikusudia. Nataka kueleza jinsi wahandisi wanavyoizuia sumu iliyokwisha kuingia ardhini isitembee ikafika visimani, mitoni na mwilini mwa binadamu. Kisha nataka kuthibitisha kwamba kizuizi chochote, kiwe cha udongo, cha plastiki, cha saruji au cha barafu, hudumu kwa kadiri ya uangalizi wa watu waliokabidhiwa, wala hakidumu zaidi ya hapo. Hoja zangu ni sita, nami nitazipanga moja baada ya nyingine.

HOJA YA KWANZA: SUMU HAIKAI MAHALI ILIPOTUPWA

Aghalabu mtu anapotupa kitu shimoni na kukifukia, moyo wake hutulia, akadhani habari imekwisha. Lau kama ardhi ingekuwa kavu na tulivu, dhana hiyo ingekuwa na insafu kidogo. Lakini ardhi ina maji, na maji yana mwendo. Mvua hunyesha, ikapenya, ikapita katikati ya taka, ikayeyusha kila kinachoyeyuka, kisha ikashuka hadi kwenye maji yaliyo chini ya ardhi, ambayo nayo yanakwenda polepole kuelekea kisimani, mtoni au baharini. Msafirishaji mkuu wa sumu ni maji, na wa pili ni vumbi; atakaye kuizuia sumu sharti aanze kwa kuwazuia wawili hawa.

Tunao mfano wa karibu. Katika shamba la serikali la Vikuge, huko Kibaha, ziliwekwa katika miaka ya 1980 dawa za kuulia wadudu zilizoletwa kwa njia ya msaada, nazo zikakaa ndani ya banda ambalo baadaye liliporomoka. Shehena ile ilikuja kuondolewa, na mtu angedhani kwamba kuondolewa kwake ndiyo hatima ya shari. Lakini wanasayansi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kwa kushirikiana na wenzao wa Sweden, walipokwenda kupima udongo na maji ya mahali pale, na wakachapisha matokeo yao mwaka 2004, walionyesha kwamba DDT na jamaa zake bado zilikuwamo kwa wingi. Magunia na mapipa yalikwisha kwenda zake, na sumu ilikuwa imekwisha kujifanyia makao ardhini.

Hapo ndipo lizukapo swali la msingi: je, udongo wenyewe uchimbwe na kuondolewa, au ufungwe pale ulipo? Kuchimba ni bora penye kiasi kidogo cha udongo na penye tanuri au mtambo wa kuusafisha. Lakini penye maelfu ya tani, kuchimba kwenyewe huinua vumbi lenye sumu, huwahatarisha wachimbaji na majirani, na hugharimu fedha ambazo wilaya nzima haina. Na udongo ule ukishachimbwa, swali la pa kuupeleka linabaki vile vile, maana hakuna kijiji kinachostahili kupewa sumu ya kijiji kingine. Kwa sababu hizi, katika mahali pengi pa dunia, uamuzi umekuwa ni kuifunga sumu pale pale ilipo kwa vizuizi vilivyojengwa kwa hesabu.

HOJA YA PILI: KIZUIZI NI KIMOJA CHENYE PANDE TATU

Kizuizi kamili kina paa, kina kuta na kina sakafu. Paa huizuia mvua isiingie. Kuta huyazuia maji ya chini yasipite ubavuni. Sakafu huizuia sumu isishuke. Ukikosekana upande mmoja, pande mbili zilizobaki zinaweza kupoteza kazi yake yote, na nyakati nyingine zikaongeza madhara. Naomba mnivumilie nieleze habari za mahali patatu, kila mahali pakitufundisha upande wake.

Pa kwanza ni Love Canal, katika mji wa Niagara Falls, jimbo la New York, Marekani. Mnamo miaka ya 1890 bwana mmoja aitwaye William Love alianza kuchimba mfereji kwa ajili ya nguvu za umeme, kisha akauacha bila kuumaliza. Kuanzia mwaka 1942 hadi 1953 kampuni ya kemikali ya Hooker ilitupa ndani ya mfereji ule taka zipatazo tani 20,000, ikazifunika kwa udongo wa mfinyanzi, na mwaka 1953 ikaikabidhi ardhi ile kwa bodi ya elimu ya mji kwa bei ya dola moja, na katika hati ya mauzo yakaandikwa maneno ya kutahadharisha juu ya kemikali zilizozikwa. Juu ya hayo yote shule ikajengwa pale, na nyumba zikafuata. Udongo wa kifuniko ukachotwa kwenda kusawazishia viwanja, mabomba ya maji machafu yakapitishwa kando zake, barabara zikakatiza. Baada ya miaka ya mvua na theluji nyingi katika miaka ya 1970, maji yaliyoingia kwa juu hayakupata pa kushukia, kwa kuwa chini palikuwa na mfinyanzi mzito. Mfereji ukajaa hadi ukafurika, na kemikali zikatokeza kwenye vyumba vya chini vya nyumba za watu. Tarehe 7 Agosti 1978 Rais Carter alitangaza hali ya dharura, na familia zikahamishwa. Kutokana na msiba huo, na mingine ya namna yake, Marekani ilitunga mwaka 1980 sheria maarufu ya kusafisha ardhi zilizochafuliwa. Pale Love Canal penyewe, wahandisi walizungusha mitaro ya kukusanya maji yenye sumu, wakajenga mtambo wa kuyasafisha, na wakaweka paa la mfinyanzi na plastiki lililokuja kufikia ekari 40. Sakafu ya asili ilikuwa njema. Paa lilivunjwa na watu, na sakafu ile njema ndiyo iliyoyageuza maji kuwa mafuriko.

Pa pili ni kisiwa cha Runit, katika visiwa vya Marshall vilivyomo bahari ya Pasifiki. Mwaka 1958 bomu la nyuklia lililipuliwa pale kwa majaribio, likaacha shimo kubwa ufukoni. Kati ya mwaka 1977 na 1980 askari wa Marekani walikusanya udongo wenye mionzi kutoka visiwa vya jirani, ujazo wake ukizidi mita za ujazo 70,000, wakaumwaga ndani ya shimo lile, na juu yake wakajenga kuba la saruji la vipande 358, lenye unene wa kiasi cha sentimita 45. Kuba linaonekana kutoka angani, na atazamaye hudhani kwamba kazi imetimia. Lakini chini hakukuwekwa kitu. Shimo limekaa juu ya matumbawe, na matumbawe yana matundu, na maji ya bahari hupanda na kushuka ndani yake pamoja na kujaa na kupwa.

Nawaomba ndugu zangu wa pwani wasiipite habari hii kwa haraka. Sehemu kubwa ya ukanda wetu, Mombasa kisiwani, Unguja, na maeneo mengi ya mwambao, imekaa juu ya mwamba wa matumbawe wa jinsi hiyo hiyo. Visima vyetu vimechimbwa humo, na baadhi yake hupata chumvi kwa sababu mwamba huo hauyazuii maji. Mhandisi atakayejenga kizuizi hapa kwetu, akaiga michoro ya nchi zenye mfinyanzi mzito chini, atakuwa amejenga kuta na paa juu ya sakafu isiyokuwepo.

Pa tatu ni Nashua, katika jimbo la New Hampshire, ambako mwaka 1982 ulijengwa ukuta wa chini ya ardhi kuzunguka shimo la mchanga lililotupiwa kemikali, katika eneo la ekari 20, na juu yake kikawekwa kifuniko. Ukuta ule uliteremshwa hadi kwenye mwamba. Lakini mwamba wenyewe ulikuwa na nyufa, na maji yangeweza kupita chini ya wayo wa ukuta. Kwa hiyo ilibidi maji yaliyomo ndani yavutwe kwa pampu na kusafishwa katika mtambo kwa miaka kadhaa. Mambo matatu haya yanatupa kanuni moja: kabla ya kuuliza kizuizi kijengwe kwa kitu gani, ulizeni chini pana nini.

HOJA YA TATU: UIMARA WA KIZUIZI UMO MIKONONI MWA FUNDI

Sasa niwapeleke karibu na kazi yenyewe, ili wale ambao hawajapata kuiona waijue sura yake.

Ukuta wa chini ya ardhi hujengwa kwa kuchimba handaki jembamba, upana wake ukiwa karibu na hatua moja ya mtu mzima, na kina chake kikifika mita 10, 20 au zaidi. Handaki la namna hii, likichimbwa kwenye mchanga wenye maji, lingeporomoka papo hapo. Kwa hiyo linachimbwa likiwa limejaa uji wa bentonaiti, ambayo ni mfinyanzi uliotokana na majivu ya volkano, wenye tabia ya kunywa maji na kuvimba. Uzito wa uji huo huzisukuma kingo zisianguke, na pale unapogusa mchanga huacha utando mwembamba unaoziba matundu. Kisha udongo uliochimbwa huchanganywa na bentonaiti na kurudishwa ndani, nao unaposhuka huusukuma uji mbele yake, hadi handaki lote likageuka kuwa ukuta usiopitisha maji ila kwa shida kubwa. Wayo wa ukuta sharti uingizwe futi mbili au tatu ndani ya tabaka zito lililo chini. Usipoingizwa, kazi ya juu yote ni bure.

Na uji huo unapimwaje? Kwa chombo sahili kabisa. Fundi huchota uji kwa kikombe, akaumimina kwenye faneli ndefu huku amezuia tundu la chini kwa kidole, kisha akaachia kidole na kuhesabu sekunde unazotumia uji wa kiasi cha lita moja kutoka. Maji matupu hutoka kwa sekunde 26. Uji ulio tayari hutumia sekunde 40 hivi. Ukitoka upesi, ni mwepesi, na kingo za handaki zimo hatarini. Kipimo hiki hurudiwa mchana kutwa, na kila mara huandikwa daftarini. Sijui ukuta wowote wa maana uliosalimika bila ya daftari lililosalimika.

Plastiki nayo ina adabu zake. Utando unaotumika kwenye sakafu na paa za taka za hatari ni wa plastiki nyeusi nzito, unene wake ukiwa kiasi cha milimita moja na nusu, nao huja kwa mabunda ambayo sharti yatandazwe na kuunganishwa. Mashine huziyeyusha kingo mbili kwa kabari ya moto na kuzibana, ikiacha mistari miwili ya kiungo yenye mfereji mdogo katikati. Kiungo kikipoa, fundi huziba ncha zote mbili za mfereji ule, akachoma sindano yenye geji upande mmoja, akajaza hewa, na akatazama: mshale wa geji usishuke zaidi ya kiasi kilichoruhusiwa kwa dakika tano. Usiposhuka, kazi haijakwisha bado. Humbidi aende ncha ya pili, aikate, na asikie hewa ikitoka, maana hewa isipotoka kule, kumbe mfereji umeziba njiani, na sehemu ya kiungo haikupimwa kamwe. Nimekitaja kitendo hiki kidogo kwa sababu wenye kujenga kwa haraka hukiruka, ilhali ndicho kinachotofautisha kiungo kilichothibitika na kiungo kilichodhaniwa.

Fauka ya hayo, jua letu lina neno lake. Plastiki nyeusi ikipigwa na jua la saa sita hutanuka na kufanya makunyanzi, na chini ya kila kunyanzi hubaki uwazi ambamo maji yakipata tundu hutambaa mbali. Kwa hiyo katika nchi zetu kazi ya kuifunika plastiki kwa udongo hufaa ifanywe alfajiri au jioni, wakati utando umejinyoosha na kulala juu ya mfinyanzi.

HOJA YA NNE: HAKUNA KIZUIZI KISICHOVUJA

Hapa nawaomba tusikilizane vizuri, kwa kuwa wauzaji wa vifaa hupenda kusema kinyume. Kipimo kinachokubaliwa na wengi kwa mfinyanzi ulioshindiliwa ni kwamba usipitishe maji kwa kasi kubwa kuliko mita moja katika sekunde milioni elfu moja. Kipimo hicho kinasikika kama si kitu. Tukipiga hesabu, maji yakisukumwa chini na uzito wake peke yake, hupenya kiasi cha sentimita tatu kwa mwaka; na katika eneo la hekta moja, sentimita tatu hizo ni lita zaidi ya 300,000, yaani maboza 30 ya lita 10,000 kila moja, kila mwaka, kupitia mfinyanzi uliopasi mtihani. Ndiyo sababu sheria za Marekani kwa majalala mapya ya taka za hatari zikataka sakafu mbili badala ya moja, plastiki juu ya mfinyanzi, na baina ya sakafu hizo mabomba ya kugundua uvujaji. Na ndiyo sababu maji yanayokusanyika juu ya sakafu hayaruhusiwi kuzidi kimo cha sentimita 30 hivi, ili yasipate uzito wa kusukuma.

Mfinyanzi una maadui wengine. Vimiminika vya kuyeyushia rangi na grisi, vikiwa vikali, huufanya usinyae na kupasuka. Chokaa na chumvi za kalsiamu huiondolea bentonaiti nguvu yake ya kuvimba, na hilo tena ni onyo kwa watu wa matumbawe, kwani matumbawe ni chokaa. Ukame nao ni adui. Katika majaribio yaliyofanywa Albany, jimbo la Georgia, kifuniko cha mfinyanzi kilipata nyufa baada ya ukame wa wiki chache tu, na tangu hapo mvua ikawa inapita nyufani. Sisi tulio na kiangazi cha miezi, kisha masika yanayoshuka kwa ghadhabu, tunayo sababu maradufu ya kuufunika mfinyanzi kwa plastiki na udongo mnene wa kuotesha nyasi, na kuizuia miti yenye mizizi mirefu isiote juu yake, na kuwatazama mchwa.

Hata plastiki nzima isiyo na tundu haikatai kila kitu, maana baadhi ya kemikali za mafuta hupenya katika mwili wa plastiki yenyewe, chembe kwa chembe, pasipo maji yoyote kutembea. Je, basi kazi yote hii ni bure? La, si bure. Kizuizi huchelewesha na kupunguza, na katika muda huo kinachohitajika ni kuyavuta maji ya ndani kwa pampu, ili kimo chake kiwe chini kuliko cha maji ya nje. Hapo, penye ufa, maji safi ya nje ndiyo yatakayoingia ndani, wala si machafu ya ndani yatakayotoka. Pamoja na hayo huchimbwa visima vya kupimia kuzunguka eneo lote, na sampuli zake huchukuliwa kwa majira maalumu. Kizuizi kisicho na visima vya kupimia hakijulikani kama kinafanya kazi, na watu wanaokaa karibu nacho wanaishi kwa kubahatisha.

HOJA YA TANO: VIKO VIZUIZI VINAVYOTIBU

Mpaka hapa nimesema juu ya kuta zinazoyakataa maji. Lakini katika miaka ya 1990, kutokana na utafiti wa Robert Gillham na wenzake katika Chuo Kikuu cha Waterloo, nchini Kanada, ilienea fikra nyingine: badala ya kuyakataa maji machafu, tuyaruhusu yapite, lakini yapite ndani ya kitu kitakachoibadilisha sumu. Mwaka 1996, katika kituo cha walinzi wa pwani wa Marekani huko Elizabeth City, jimbo la North Carolina, lilichimbwa handaki lenye urefu wa mita 46, kina cha mita 7.3 na upana wa sentimita 60, likajazwa chembe za chuma. Karakana ya kupakia vyuma kromiamu ilikuwa imeyachafua maji ya chini yaliyokuwa yakielekea mtoni. Maji yanapopita katika chuma kile, kromiamu ya aina ile iyeyukayo na iletayo saratani hugeuka kuwa ya aina isiyoyeyuka, ikabaki pale pale. Hakuna pampu, hakuna umeme. Mwendo wa maji wenyewe ndio unaofanya kazi.

Linganisheni na ukuta wa barafu uliojengwa Fukushima, Japani, ambako kuanzia mwaka 2016 mabomba 1,568 yaliyozamishwa kiasi cha mita 30 yamepitishiwa maji ya chumvi yenye baridi ya nyuzi 30 chini ya sifuri, ili ardhi igande kuzunguka majengo ya vinu kwa mzunguko wa kilomita moja na nusu. Ni kazi ya ajabu ya uhandisi, nayo ina mahali pake. Lakini uhai wake umo katika umeme. Kwa nchi ambazo umeme hukatika, kizuizi kinachofanya kazi kwa mwendo wa maji kina fadhila kubwa.

Na liko jambo moja ambalo ningependa vijana wetu wa kemia walichukue. Risasi, sumu iliyo nyingi katika uchafuzi wa miji yetu kwa sababu ya betri za magari, hushikwa na fosfati, zikafanya pamoja madini magumu yasiyoyeyuka kwa urahisi. Katika Idaho, Marekani, maji ya mgodi yalipitishwa katika kizuizi kilichojazwa mifupa ya samaki, na mifupa hiyo ikashika risasi, zinki na kadmiamu. Na huko Oakland, California, unga wa mifupa ya samaki umechanganywa na udongo wa nyua za watu ili kuifunga risasi. Sisi tuna viwanda vya samaki kando ya Ziwa Viktoria, na tuna mwamba wa fosfati wa Minjingu karibu na Ziwa Manyara. Mwamba ule una kiasi cha urani ndani yake, kwa hiyo hautumiki kabla ya kupimwa. Lakini upimwe, na mifupa ijaribiwe, katika udongo wetu na mvua zetu, badala ya kungoja dawa ije katika makontena.

HOJA YA SITA: MLINZI NI SEHEMU YA KIZUIZI

Nimefika kwenye hoja iliyonileta hapa. Sheria ya Marekani huanza kwa kumtaka mwenye jalala la taka za hatari aliangalie kwa miaka 30 baada ya kulifunga. Na kwa mabaki ya urani inataka kizuizi kibuniwe kidumu miaka 1,000 ikiwezekana, na kwa vyovyote kisipungue miaka 200. Tutazame sumu zenyewe. Plutoniamu-239 hupungua kwa nusu kila miaka 24,000. Risasi haipungui abadani. Itakuwa risasi siku zote za dunia. Basi tumeweka umri wa sumu upande mmoja na umri wa uangalizi upande wa pili, na umri wa sumu umeshinda.

Yaliyotokea Love Canal hayakutokana na mfinyanzi dhaifu. Yalitokana na watu kusahau, au kujua na kutojali. Hati ilikuwa na onyo, na shule ikajengwa. Kwa hiyo nasema kwamba daftari, sheria, fedha na mtu aliyekabidhiwa ni sehemu za kizuizi, kama vile mfinyanzi na plastiki zilivyo sehemu zake, na mhandisi anayekabidhi michoro isiyotaja vitu hivyo amekabidhi kazi pungufu.

Mfano tunao hapa Mombasa. Katika kijiji cha Owino Uhuru, kiwanda cha kuyeyusha betri kilifanya kazi ubavuni mwa nyumba za watu kwa miaka kadhaa hadi kilipofungwa mwaka 2014, na risasi ikapatikana katika damu za watoto. Bibi Phyllis Omido na wakazi wenzake walishika njia ya mahakama, na mwaka 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi ikaamuru walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.3, na pia udongo usafishwe. Na baada ya rufaa, Mahakama ya Juu iliirejesha fidia hiyo mwezi Desemba 2024. Fidia ni haki ya watu. Lakini naomba sote tuutazame ule upande wa pili wa amri, wa udongo, kwa sababu mtoto atakayezaliwa pale mwaka ujao hakuwa mdai katika kesi, na udongo utamdai yeye.

Wazee wa pwani hii walituachia mfano mwema. Walikuwapo waliochimba kisima kwa ajili ya wapitao, wasiridhike na kuchimba tu, bali wakaweka pamoja nacho shamba la minazi au nyumba ya kupangisha, wakaifunga kuwa wakfu, isiuzwe wala isirithiwe, ili kodi na mazao yake yalipie kamba, ndoo na mtu wa kukisafisha. Walijua kwamba kisima bila riziki ya mlinzi wake hufa pamoja na aliyekichimba. Kila ardhi iliyofungiwa sumu inahitaji wakfu wa namna hiyo: mfuko uliofungwa, ambao faida yake tu ndiyo hutumika, kulipia pampu, vipimo vya visima, kukata miti na kuziba nyufa, vizazi kwa vizazi, na usioguswa kwa haja nyingine yoyote.

HATIMA

Alhasili, mabwana na mabibi, kazi iliyo mbele yetu naiona katika mambo matatu, nayo yote yamo katika uwezo wetu. La kwanza, serikali zetu ziziorodheshe ardhi zilizochafuliwa, ziziandike katika rejista ya ardhi yenyewe, ili onyo lifuatane na kiwanja kila kinapouzwa, na kibali cha kujenga kikataliwe kwa nguvu ya sheria. La pili, kiwanda chochote cha risasi, cha dawa au cha madini kisipewe leseni kabla ya kuweka fedha za kukifunga na kukilinda. Sheria zetu za mazingira, ya Kenya ya mwaka 1999 na ya Tanzania ya mwaka 2004, zimekwisha kutaja dhamana za namna hii, na kilichobaki ni kuzitekeleza kwa ukamilifu na kwa muda unaolingana na umri wa sumu. La tatu, vyuo vyetu vya ufundi viwafundishe vijana kazi hizi kwa mikono: kupima uji, kuunganisha utando, kuchukua sampuli kisimani na kuzisoma katika maabara zilizo hapa hapa nchini.

Wanafunzi niwaonao katika safu za nyuma ndio watakaokuwa wakiyasimamia mambo haya mwaka 2050 na kuendelea. Kwenu nawakabidhi maneno haya: msijenge kizuizi chochote mpaka mmemjua mlinzi wake kwa jina la cheo chake, na mmeijua riziki ya kumlipa, na mmempa daftari. Mkifanya hivyo, wajukuu wenu watachota maji bila ya kuuliza kilichozikwa jirani, kwa sababu yupo aliyeajiriwa kuuliza kwa niaba yao.